Tanga mpaka Kandy, safari ya kumtafuta baba yake shangazi

Alhamisi, Tanga kwenda Mombasa

Tumetoka Tanga asubuhi mimi na shangazi, nimemkatia siti ya mbele kabisa maana miguu yake haitaki kukunjwa muda mrefu, ana miaka 81 na sukari inampanda. Kikapu chake kina maji, vitumbua, dawa na bahasha ya kaki ambayo hataki mtu mwingine aishike. Ndani ya ile bahasha ni karatasi niliyoiprinti mwenyewe kutoka tovuti ya tume ya makaburi ya vita ya Jumuiya ya Madola. Ni mistari michache tu, jina, namba ya jeshi, cheo, kikosi ni 301st Field Regiment wa East African Artillery, tarehe ya kufa 12 Februari 1944, alafu mwishoni wameandika mtoto wa fulani, mume wa fulani, wa Tanga, Tanganyika. Huyo "mume wa fulani" ni jina la bibi yangu mzaa baba. Nilipoliona kwenye simu usiku ule nilikaa kitako, bibi amefariki 1998 hajui kama kuna ofisi nje huko imeliandika jina lake vizuri kabisa na kulitunza, na yeye kwa miaka alikuwa anazunguka kuuliza mume wangu yuko wapi.

Niwaeleze mapema ili msichanganyikiwe. Huyu shangazi ndo mtoto wa kwanza wa bibi ila baba yake sio babu yangu. Baba yake alikwenda Keya, yaani jeshi la Waingereza la askari wa huku kwetu (KAR), mwaka 1943 wakati wa vita ya pili ya dunia, akawekwa kwenye mizinga, mwanzoni mwa Februari 1944 akapakiwa meli pale Kilindini kwenda Ceylon, ndo hiyo Sri Lanka ya leo, kujiandaa kwa vita vya Burma, Myanmar ya leo. Bibi alikuwa na mimba changa. Shangazi kazaliwa baba hayupo na picha ya baba hakuna hata moja, anachojua ni kwamba alikuwa mrefu na alikuwa anapiga zumari, hivyo tu.

Sasa mimi kazi yangu ni chai, naonja chai, na kazini wamenipangia kozi Colombo. Nilivyomuaga shangazi nikamwambia nakwenda Sri Lanka akaniuliza ndo wapi huko, nikamwambia zamani ikiitwa Ceylon. Akanyamaza kidogo alafu akasema, "Baba, ndo huko huko?" Kuanzia hapo safari ikabadilika, ikawa lazima kwanza nimpeleke Nairobi kwenye ukuta wenye jina la baba yake ndo mimi niendelee na ndege.

Horohoro hatukukaa sana, kijana wa uhamiaji kampa shikamoo na kumuuliza bibi unakwenda kutembea, shangazi kamjibu nakwenda kumuona baba yangu. Yule kijana kaangalia tarehe ya kuzaliwa kwenye pasi, kaniangalia mimi, kagonga muhuri bila neno.

Tumefika Likoni jioni jioni. Kivuko kilikuwa kimejaa, watu, mikokoteni, boda, na katikati ya mkondo tukasimamishwa kidogo meli kubwa ya makontena ipite kwenda Kilindini. Shangazi akauliza hawa wanaingilia hapahapa na kutokea hapahapa? Nikamwambia ndiyo, meli zote za Kilindini hupita hapa. "Basi na yeye kapita hapa." Akatoa mkono nje ya kile chuma cha pembeni akaufungua ukabaki hivyo hivyo wazi mpaka tukagusa ng'ambo.

Ijumaa, Mombasa

Tumelala kwa ndugu zetu Majengo. Baada ya swala nimempeleka Mama Ngina, tumekaa kwenye kivuli na mihogo ya kukaanga na madafu, bahari iko pale mbele, na hapo ndo ilibidi nimueleze yote maana Jumatatu ataona ukuta na atauliza, na mimi nilitaka asikie kutoka kwangu.

Meli iliitwa Khedive Ismail. Ilitoka Mombasa kwenye msafara wa meli tano za kubeba watu, na ndani yake walikuwemo watu 1,511. Karibu 1,000 ni hao wa kikosi cha 301 cha mizinga, wengi wao Waafrika wa Kenya, Uganda na Tanganyika, wengine mabaharia, wanajeshi wa majini wa Kiingereza, na manesi zaidi ya 50. Tarehe 12 Februari, Jumamosi mchana, wakiwa karibu na visiwa vya Maldives, nyambizi ya Kijapani I-27 ikapiga topido mbili zikampata. Meli ikazama haijafika hata dakika tatu. Askari wengi walikuwa chini kwenye vyumba vya meli, na hebu fikiria mtu wa Muheza au wa Bungoma ambaye bahari kaiona mara ya kwanza wiki iliyopita, yuko ngazi ya tatu chini, giza, maji yanaingia na ngazi zimelala ubavu.

Waliookolewa ni wanaume 208 na wanawake 6. Waliokufa 1,297.

Kuna kipande kingine na hicho ndo nilikuwa nakiogopa. Baadhi ya waliowahi kuruka walikuwa bado majini wanaelea, na ile nyambizi ikajificha chini yao hapohapo. Manowari ya Kiingereza Petard ikaamua kuipiga, ikapita katikati ya watu na kumwaga yale mabomu yanayolipukia chini ya maji, na watu waliokuwa wamenusurika topido wakafa kwa mabomu ya upande wao wenyewe. Manowari ya pili, Paladin, ilikuwa inaokota watu. Nyambizi ilikuja kuzamishwa baadae. Kijeshi wanasema kapteni hakuwa na njia nyingine, nyambizi ingeachwa ingeua meli nyingine na watu wengine, na mimi nimesoma hayo maelezo na naelewa hesabu yake, lakini hesabu hiyo nashindwa kumueleza binti wa mmoja wao akiwa ameshika dafu.

Nikamueleza hivyohivyo lakini. Shangazi akauliza swali moja tu, "Sasa yeye alikuwa wa chini au wa juu?" yaani kazama na meli au alikuwa wale wa majini. Nikamwambia shangazi hilo hakuna anayelijua. Akasema basi nitamuombea yote mawili.

Jioni hakula.

Jumamosi, kwenye treni

SGR kutoka Miritini, viti vya ekonomi vinatazamana, shangazi kapata dirisha. Enzi zile askari walikuwa wanateremshwa na reli ile ya zamani hiyohiyo njia, Nairobi kwenda Mombasa, tukipita Voi nikawa namuonyesha ile reli ya zamani inavyoonekana huko kwenye vichaka, lakini yeye alikuwa kaanza kuongea na akianza huwa hapendi kukatizwa, kwa hiyo nitaandika alivyosema, ni mambo ambayo mimi nilikuwa nayajua vipande vipande tu.

Anasema habari za meli hazikutangazwa. Vita bado ilikuwa inaendelea na serikali haikutaka kuzama kwa meli kujulikane. Bibi alikuwa anapata pesa kidogo kila mwezi iliyokatwa kwenye mshahara wa mume, anakwenda kuichukua kwa mkuu wa wilaya pamoja na wanawake wenzake, na siku moja akaambiwa yako haipo. Haipo kwanini? Haipo tu, rudi mwezi ujao. Alikuwa na tumbo kubwa siku hiyo. Baadae jumbe akaja na barua kwamba mumeo hajulikani alipo. Hajulikani alipo, sio kafa. Bibi alikuwa hajui kusoma, akasomewa na mwalimu wa madrasa, akamwambia isome tena, ikasomwa tena, ikawa ileile.

Hapo ndo penye mateso yenyewe na watu wengi hawapajui. Mwanamke wa Kiislamu mume akifa anakaa eda, miezi minne na siku kumi, inajulikana inaanza lini na inaisha lini, watu wanakuja, wanakupikia, wanakusomea, alafu unatoka unaendelea na maisha. Bibi hakuwa na hilo. Hakuwa mjane na hakuwa na mume. Akivaa vizuri watu wanasema huyu mume hajui yuko wapi na yeye anajipamba, akikaa kama mfiwa mama mkwe analia anamwambia unamuulia nini mwanangu. Kuolewa hawezi. Kurudi kwao hawezi vizuri. Mtoto kazaliwa, nani ampe jina, maana jina la mtoto wa kwanza alitakiwa atoe baba. Wakasubiri kwanza! Shangazi anasema alikaa wiki kadhaa akiitwa "mtoto" tu kwa sababu bibi mkubwa alisema baba yake atakuja kumpa mwenyewe.

Vita ikaisha 1945. Wengine wakaanza kurudi, lakini hata walio hai hawakurudi upesi, meli hazikutosha, wakawekwa makambi ya India wengine mpaka 1946. Kwa hiyo mwaka mzima mwingine wa matumaini. Kila treni ikileta wa Keya pale stesheni Tanga bibi yuko pale na shangazi mgongoni. Wanaume wanashuka na makoti ya jeshi na viatu na masanduku ya mbao, na yeye anamuuliza kila mmoja ulikuwa mizinga? Ulikuwa mizinga? Mmoja akamwambia mama, mizinga walikwenda na meli nyingine. Hakusema zaidi, akaondoka haraka, na bibi alikuwa anasema mpaka anakufa kwamba yule bwana alikuwa anajua.

Kadhi ndo aliyemsaidia mwishowe. Alimwambia mwanangu hesabu zimetosha, kaa eda. Akakaa eda ya mtu aliyekufa zaidi ya miaka miwili nyuma. Baadae akaolewa na babu yangu, akazaa baba yangu na wadogo zake. Nimekaa kwenye kile kiti cha SGR nikajua kabisa kwamba mimi na ndugu zangu wote tusingekuwepo kama ile meli ingefika, na mbele yangu amekaa mtu ambaye yeye ndo aliyelipa. Sikujua niseme nini, nikamenya chungwa nikampa.

Jumapili, Nairobi

Makaburini tunakwenda kesho. Leo binamu alitutembeza kidogo na gari. Tukapita Kenyatta Avenue kwenye zile sanamu tatu za askari na mpagazi, zimewekwa miaka ya 1920 kwa ajili ya vita ya kwanza, maandishi yake yako Kiingereza, Kiarabu na Kiswahili, na ndani yake kuna ahadi kwamba ukiipigania nchi yako hata ukifa wanao watalikumbuka jina lako. Na majina hayakuandikwa. Hiyo ni kweli ya kuumiza, tume ya makaburi yenyewe ilitoa ripoti 2021 ikakiri kwamba watu wengi wa vita ya kwanza, hasa wa Afrika Mashariki na Misri, hawakuandikwa majina yao kokote, idadi isiyopungua 116,000 na huenda inafika 350,000, wakiwemo wapagazi wengi wa huku kwetu. Vita ya pili waliandika, na ndo maana shangazi ana karatasi kwenye bahasha. Kwa hiyo yeye ni katika waliobahatika, na angalia bahati yenyewe ilivyo.

Mchana tumekula nyama kwenye soko linaloitwa Burma pale Jogoo Road, mzee mmoja meza ya pembeni akasikia tunaongea Keya akajiunga, baba yake naye alikuwa Burma vitani, alirudi. Alirudi na homa zilizokuwa zinamkamata kila mwaka na hakuwa anataka mtu amuamshe kwa kumgusa, wanae walikuwa wanasimama mlangoni wanamuita kwa jina mpaka aamke. Akasema baba alikuta kipande kilekile alichokiacha, kodi ileile, na kazi ya shamba kwa mzungu mwingine ambaye na yeye alikuwa vitani na kapewa ardhi. Ndivyo ilivyokuwa, serikali ya kikoloni ilikuwa na mpango wa kuwagawia mashamba wanajeshi wa kizungu baada ya vita, Mwafrika akapewa kiinua mgongo. Na hicho nacho, mwaka 2019 nyaraka za zamani zilitoka zikaonyesha kiinua mgongo kilipangwa kwa rangi, mzungu wa cheo kilekile akapata mpaka mara tatu ya Mwafrika. Kenya ilitoa watu karibu 98,000 vita hiyo, Tanganyika karibu 87,000. Piga picha nyumba ngapi hizo.

Hasira hizo hazikupotea bure, hilo lazima liandikwe. Waruhiu Itote aliyekuja kuitwa Jenerali China alikuwa Keya huko Burma kabla ya kuingia msituni na Mau Mau. Kwetu, Abdulwahid Sykes na mdogo wake Ally walikuwa Burma, na wote wawili ni katika walioiasisi TANU mwaka 1954.

Shangazi alisikiliza yote akamuuliza yule mzee swali moja, baba yako alikuwa anakupakata? Mzee akasema ndiyo mama, alikuwa mkali lakini alikuwa anatupakata.

Jumatatu, makaburi ya vita, Ngong Road

Pako pembeni ya msitu, nyasi zimekatwa, kimya, maua kila mstari. Mtunzaji alitupokea vizuri sana, akamletea shangazi kiti cha plastiki bila kuombwa. Nilikuwa na namba ya safu kutoka kwenye tovuti kwa hiyo hatukuhangaika. Ukuta wa Afrika Mashariki ndo una majina ya wasio na kaburi, waliokufa njia ya kwenda Ethiopia na Somalia, Madagaska 1942, na hawa wa Khedive Ismail.

Ukikifikia kikosi cha mizinga unaanza kusoma na majina hayaishi. Tarehe haziandikwi pale lakini mimi nilikuwa najua ni mchana mmoja. Unasoma Juma, Kiprotich, Mwangi, Omari, Okello, Wafula, Ali, Ali, Ali, wote dakika tatu zilezile.

La kwetu liko juu ya kimo cha shangazi. Mtunzaji akataka kuleta ngazi, shangazi kakataa, akasema nisomee. Nikasoma. Akasema tena. Nikasoma. Wameliandika kwa spelingi ya kizungu, O imekuwa U, nikamwambia, akasema haidhuru, wamemjua. Alafu akavua kandambili akasimama chini kwenye jiwe akaanza kusema naye, na kwa sauti ya kawaida kabisa kama mtu anaongea na jirani. Akamwambia mimi ndo yule uliyeniacha tumboni. Akamtajia jina lake. Akamwambia mama alikungoja sana, usimlaumu kuolewa, alikungoja. Akamtajia watoto wake wanne na wajukuu, mmoja mmoja, huyu anafanya hiki, huyu yuko Dar, huyu kafariki. Ikachukua muda. Mtunzaji alirudi nyuma akageuka kuangalia maua. Mimi nilisimama na mwavuli sababu jua lilikuwa kali na nililia, sioni haya kuandika.

Alipomaliza tukasoma Fatiha na Yasini. Kisha akaniuliza wenzake wote hawa wana watu wanaokuja? Mtunzaji ndo kajibu, akasema mama, wazungu wanakuja, wanaandika barua, wanatuma maua kila Novemba. Wa kwetu wengi hawajui kama majina yapo hapa.

Hapo shangazi aliinuka kwenye kiti akaanza kutembea na ule ukuta pole pole akinitaka nimsomee majina, sio la baba yake tena, ya wengine.

Jumanne

Binamu kampandisha shangazi basi la kurudi, pamoja na mjukuu wake aliyekuja kumchukua. Nilimwambia Mungu akipenda huko Kandy, Sri Lanka, nitamtafutia makaburi ya wenzake na baba yake. Akanipa kitambaa kidogo chenye udongo wa nyumbani, udongo wa uwanja wa nyumba ya bibi, kumbe ndo alikuwa ameficha kwenye bahasha siku zote. "Alikuwa anakwenda huko hakufika, wewe umfikishie."

Ndege usiku, kuunganisha Doha.

Jumatano mpaka Ijumaa, Colombo

Kozi asubuhi mpaka jioni, sina la kuandika zaidi ya kwamba joto ni la Tanga na bajaji ni nyingi kuliko magari. Jioni natembea ufukweni Galle Face nikiangalia magharibi. Huko mbele, siku moja au mbili za meli, ndipo walipo.

Jumamosi, Kandy

Treni ya asubuhi kutoka Colombo Fort, inapanda milima taratibu, mashamba ya chai yanaanza kuonekana na mimi kwa kazi yangu ningetakiwa nifurahi. Kandy ndiko ilikohamia makao makuu ya Mountbatten, mkuu wa majeshi ya Washirika upande huo wa Asia, mwaka 1944, na makaburi ya vita yako nje kidogo ya katikati ya mji, bajaji anapajua ukimwambia.

Ni padogo kuliko Nairobi. Makaburi 203 tu, na katika hayo Waafrika Mashariki ni 35. Nimewapitia wote. Vibao vifupi, namba, jina, kikosi, tarehe, Keya, usafirishaji, madaktari. Ceylon hakukuwa na mapigano ya nchi kavu, hapa palikuwa ni mazoezi ya msituni na kusubiri, kwa hiyo hawa ni watu waliokufa kambini, mbali na kwao, na vita bado hawajaiona. Mmoja kibao chake kimeota ukoka ukaficha herufi za mwisho za jina. Nikauondoa kwa kucha. Mtunzaji akaja akaona ninachofanya akaniletea kisu kidogo, hatukuelewana lugha lakini alikaa chini akaendelea na cha pembeni.

Waliofika Burma, niliwafikiria sana hapo. Divisheni ya 11 ya Afrika Mashariki, alama yao kichwa cha kifaru begani, wakaingia bonde la Kabaw kuanzia Agosti 1944 katikati ya mvua kubwa za kule, kutoka Tamu mpaka Kalewa, barabara ikawa tope la mapajani, chakula kinadondoshwa na ndege, malaria na homa ya utitiri (scrub typhus) zikiangusha watu wengi kuliko Mjapani. Walifika Kalewa mwanzoni mwa Desemba, na likajengwa daraja la vyuma juu ya mto Chindwin, urefu futi 1,154, karibu mita 350, wakati huo hakuna la aina yake refu zaidi duniani. Hiyo ndo kazi aliyokuwa anakwenda kufanya baba yake shangazi. Angefika labda angekufa kwenye tope lile, labda angerudi na homa na kutotaka kuguswa usingizini kama yule mzee wa Burma market alivyosimulia. Hakuna njia ambayo ingemrudisha vilevile alivyotoka, hilo nimeliona wazi leo.

Udongo nimeumwaga kwenye mizizi ya mti pembeni ya mstari wao, sio kwenye kaburi la mtu. Nimesoma Fatiha. Kuna majina ya Kikristo pale pia, nikawaombea kwa jinsi ninavyojua, sidhani kama kuna ubaya.

Jumapili, Colombo

Nimempigia shangazi video. Mtandao ulikuwa unakatika lakini kaona picha za Kandy zote, akataka nimuonyeshe na ule ukoka. Kisha akaingia kwenye jambo lake. Anasema toka arudi amekaa na mjukuu wake mwenye simu wanatafuta majina kwenye ile tovuti ya tume ya makaburi, wanaandika 12 Februari 1944 kwenye sehemu ya tarehe na East African Artillery kwenye kikosi, alafu wanasoma kila mmoja chini pale walipoandika mtoto wa nani na wilaya gani. Wengine wameandikiwa wilaya, wengine hakuna kitu kabisa. Wakipata wa Tanga, Handeni, Lushoto au Pangani wanaandika kwenye daftari. Majina mengine yana spelingi ya ajabu kwa hiyo ukitafuta wa kwenu jaribu R na L, jaribu U na O, jaribu jina la baba peke yake. Bila intaneti unaweza kwenda Ngong Road mwenyewe, hakuna kiingilio.

Tayari kuna familia moja Pangani wamewapata, mjukuu wa askari yule alikuwa anajua tu kwamba babu "alipotelea Burma". Shangazi kampigia mwenyewe, akamwambia hakufika Burma mwanangu, kaa chini nikueleze, nakuja kwenu Jumatano.

Narudi wiki ijayo. Khitma ni Ijumaa ya pili baada ya hapo nyumbani Tanga, majina yatakayokuwa yamepatikana yatasomwa yote pamoja na la baba yake, na kwa wale Wakristo shangazi ameshaongea na katekista wa jirani yetu awaombee kanisani Jumapili yake. Mwenye mzee aliyetoka Kilindini Februari 1944 na hakurudi aniandikie jina na wilaya kabla ya siku hiyo.